Mama mdogo kafungua "Kadi ya Mwaliko" ya WhatsApp, pesa za kamati zimeyeyuka. Hivi app ya nje ya Play Store inaweza kutoa pesa bila namba ya siri?

#1 Mzawa wa Kihonda
Wakuu salaam. Naenda moja kwa moja.

Mama yangu mdogo yuko Morogoro, ni mweka hazina wa kamati ya send-off ya binti wa jirani. Michango yote inaingia kwenye laini yake. Alhamisi jioni katumiwa faili WhatsApp na mjumbe mwenzake, limeandikwa "Kadi ya Mwaliko.apk". Akabonyeza. Simu ikamwambia hairuhusiwi kuweka programu kutoka hapo, ikampeleka kwenye mipangilio, akawasha kidude, akarudi. Kadi haikufunguka. Kuna alama ya ua jekundu ilitokea kwenye skrini, halafu ikapotea. Akasema mtandao mbovu, akaenda kuepua maharage.

Ijumaa asubuhi anataka kumlipa mpishi nusu, salio linasoma 3,150. Jana yake ilikuwa laki nane na arobaini na ushee. Zimetoka usiku mara tatu, kwenda namba tatu tofauti. Mjumbe aliyemtumia anaapa hakutuma kitu, eti WhatsApp yake "ilikuwa inajituma yenyewe".

Swali langu: faili la kubonyeza tu linatoaje pesa wakati namba ya siri anayo kichwani? Kamati wameanza kumwangalia kwa jicho la pembeni.

#2 Chipsi Zege
Nimekaa paleee na soda yangu. Waje wajuzi.

#3 Mzee wa Bao
Pole mkuu, ila chai hii haina hata tangawizi. Nimekaa kamati za harusi tangu enzi za bahasha, na kila msimu hakosi mweka hazina ambaye pesa "zimetoka zenyewe". Zamani mkoba ulikuwa unaibwa kwenye daladala. Siku hizi ni apk.

#4 Fundi Nukta
Mzee wa Bao punguza. Nina meza ya ufundi Mwanza na simu za namna hii zinaletwa.

apk ni kifurushi cha app, basi. Hata app ya Play Store ni kifurushi hichohicho, ila pale kuna anayekagua kabla hakijakufikia. Cha kwenye WhatsApp hakijakaguliwa na mtu. Sasa kukiweka peke yake hakutoi pesa. Kinachotoa ni ruhusa unazogawa baada ya hapo, hasa kusoma meseji na ile inayoitwa Ufikivu. Ufikivu uliwekwa kwa ajili ya watu wenye shida ya macho, simu iwasomee maandishi. App ikipewa hiyo inasoma kila kinachotokea kwenye skrini na inabonyeza vitufe badala yako.

Mzawa, muulize mama mdogo aliwasha vidude vingapi. Na simu ni Android namba ngapi?

#5 Dalali wa Laini
Mnamtafuta mchawi kwenye faili wakati mchawi yuko kwenye laini. Hiyo ni laini kurudishwa na mtu mwingine. Wanasajili upya namba yako, yako inakufa mtandao, wanaweka namba ya siri mpya. Nimeona kwa macho yangu. Muulize kama simu ilipoteza mtandao usiku.

#6 Mzawa wa Kihonda
Nimempigia. Fundi, anasema kidude cha kwanza ni cha WhatsApp, halafu kuna ukurasa mwingine ulimwambia "washa ili uone kadi", akawasha. Hakumbuki uliandikwa nini. Android 11. Dalali, mtandao haukupotea, saa kumi na moja alfajiri dada yake alimpigia na simu ikaita vizuri.

#7 mkulima_wa_simu
Rahisi tu. Aende kwenye mipangilio azime "vyanzo visivyojulikana", mchezo umeisha.

#8 Fundi Nukta
mkulima, hiyo ilikuwa zamani. Tangu Android 8 ya mwaka 2017 hakuna swichi moja ya simu nzima. Ruhusa inatolewa kwa app moja moja: WhatsApp yake, Chrome yake, Xender (ile ya kurushiana mafaili) yake. Mama mdogo kairuhusu WhatsApp iwe inaweka app. Mpaka sasa ninavyoandika ruhusa hiyo bado ipo, kesho akitumiwa kadi nyingine hataulizwa hilo swali.

Na Android 11 ndiyo inaniuma. Kuanzia 13 app iliyotoka nje hainyakui Ufikivu kirahisi, kitufe kinakuwa kimefifia mpaka uzunguke kwenye maelezo ya app ukaruhusu kwa makusudi. Wengi bado wanazungukaga, maana tapeli anawaelekeza kwa video, lakini angalau kuna kizingiti. Kwenye 11 hakuna.

#9 Mzee wa Bao
Fundi unaongea vizuri lakini hujajibu swali. Namba ya siri ya menyu ya nyota mia na hamsini haikai kwenye simu. Unaiandika, inakwenda mnarani. App itaijuaje?

#10 Bwana Kodi
^^ Hapa Mzee wa Bao kasema kweli. Menyu za nyota hazihitaji hata intaneti, sasa kirusi kitapitia wapi?

#11 Fundi Nukta
Inakwenda mnarani, sawa. Lakini unaiandika wapi? Kwenye kidirisha kilicho kwenye skrini. Na nimesema mwenye Ufikivu anaiona skrini. Kuna watengenezaji halali hapa Afrika Mashariki walikuwa wanatumia Ufikivu huohuo kuendesha menyu za USSD, yaani hizo za nyota, kwa niaba ya mteja, app inajaza namba, inabonyeza tuma, inasoma jibu. Kama halali anaweza, mwizi ashindwe?

Sharti ni moja: lazima aliandika namba ya siri BAADA ya kuweka hilo faili. Mzawa?

#12 Mzawa wa Kihonda
Wakuu mwili umenisisimka. Alhamisi hiyohiyo saa moja jioni alitoa elfu ishirini kwa wakala, za nyanya na vitunguu.

#13 Chipsi Zege
Naongeza soda.

#14 Dalali wa Laini
Ngoja kwanza. Kwa wakala aliandika mwenyewe namba ya siri? Maana kina mama zetu nawajua.

#15 Mzawa wa Kihonda
Daah. Nimerudi kumuuliza. Anasema alisahau miwani, akampa kijana wa kibandani simu amwandikie. Namba alimtajia kwa mdomo.

#16 Mzee wa Bao
😂😂😂 Uzi ufungwe. Nyanya zimekula laki nane.

#17 Fundi Nukta
Haufungwi. Kijana wa kibandani angezitoaje bila simu mkononi saa nane usiku? Namba ya siri bila laini ni namba tu. Mzawa, zilitoka saa ngapi?

#18 Mzawa wa Kihonda
Saa 8:07, 8:09 na 8:11 usiku. Simu ilikuwa chini ya mto.

#19 Bwana Kodi
Na wewe Mzawa saa 8:07 ulikuwa wapi?

#20 Mzawa wa Kihonda
Nilikuwa Dar nimelala mkuu, acha hizo.

#21 Nesi wa Zamu
Mimi sina la kadi, nina la mkopo. Mwaka juzi nilitumiwa linki kwenye meseji, "pata mkopo ndani ya dakika 5". Nikashusha kutoka kwenye linki, haikuwa Play Store. Ilitaka kusoma majina yote ya simu, picha, na meseji. Nilikuwa na shida, nikakubali vyote. Nikapewa 50,000 ikaingia 34,000, siku saba nirudishe 50,000.

Siku ya nane saa kumi na mbili asubuhi matroni wangu ananiita ofisini. Katumiwa ujumbe kuwa mimi ni tapeli, na yeye nimemwandika kama mdhamini. Mchungaji katumiwa. Fundi aliyewahi kunitengenezea jokofu mwaka 2019 katumiwa. Mpaka namba niliyokuwa nimeihifadhi kwa jina "Usipokee" ilitumiwa, ikanipigia kunipa pole.

Nilikuja kujua baadaye kwamba Google mwaka 2023 walizikataza app za mikopo zilizopo Play Store kugusa majina na picha za mteja. Yangu haikuwa Play Store, kwa hiyo nani wa kuikataza?

#22 mkulima_wa_simu
Pole nesi. Ila hizo si Benki Kuu (BoT) walishazifungia? 96 kwa mpigo.

#23 Bwana Kodi
Ni 69, si 96. Novemba 2024. Na walichotangaza ni kwamba zinakopesha bila leseni. Faili lililoko kwenye simu ya mtu halifi kwa tangazo, wanabadilisha jina na rangi ya nembo, wiki ijayo linki mpya.

#24 Mvita_001
Salaam kutoka Mombasa. Huku kwetu mwaka huo wa 2023 Google ilitaka kila app ya mikopo ionyeshe leseni ya Benki Kuu ama karatasi kuwa imeomba, la sivyo itolewe Play Store. Zilitolewa nyingi. Zilienda wapi? Zilihamia kwa linki za WhatsApp na Telegram. Mlango ukifungwa mbele watu wapita dirishani.

Kwa hili la kadi: Kenya tuko kwenye majaribio ya Play Protect, ulinzi wa Google unaokagua app kwenye simu, ambapo app ya nje ikitaka ruhusa ya meseji, arifa ama Ufikivu, na umeishusha kwa kivinjari ama kwa WhatsApp, inazuiwa papo hapo. Walianzia Singapore 2024. Sijui huko Bongo imefika?

Na India polisi waliwahi kutoa onyo mwaka 2024 kuhusu kadi za arusi hizihizi za apk. Kwa hiyo mzee aliyesema ni chai, chai hii imeshanywewa nchi nyingine.

#25 Mzee wa Bao
Mvita_001 nimekusikia. Chai ya India nayo ni nzuri, ina maziwa mengi.

#26 Shabiki wa GB
Jamani msitie watu hofu. Natumia GBWhatsApp, ile WhatsApp iliyochakachuliwa, tangu 2019, naficha tiki za bluu, nasoma meseji zilizofutwa, sijaibiwa hata mia. Mwizi anaangalia mwenye pesa.

#27 Huria
Shabiki wa GB, ndugu zake wameshakutwa. Agosti 2021 Kaspersky, kampuni ya antivairasi, walikuta FMWhatsApp toleo la 16.80.0 lina kirusi kinaitwa Triada, kinakuandikisha huduma za kulipia bila wewe kujua. Oktoba 2022 wakakuta toleo moja la YoWhatsApp linachukua funguo za akaunti, maana yake mwenye nazo anaingia kama wewe. Sasa rudi kwenye post #1: "WhatsApp yake ilikuwa inajituma yenyewe". Huyo mjumbe anatumia WhatsApp gani?

#28 Mzawa wa Kihonda
Nimeuliza. Anatumia "ile ya kijani yenye taji". Alipewa na mwanae kwa Xender.

#29 Huria
Haya.

#30 Shabiki wa GB
Ya taji siyo GB. Msituunganishe.

#31 Bwana Kodi
Kirusi kinasoma kwanza kama una taji 😂

#32 Huria
Ila niseme kitu ambacho hapa hakipendwi. Tatizo siyo "nje ya Play Store". F-Droid ni duka la app, lipo tangu 2010, liko nje, app zake ni za programu huria na kodi ya kila moja iko wazi. Namaanisha maandishi ya mtengenezaji, Bwana Kodi usistuke. Wenye Huawei baada ya vikwazo vya Marekani vya 2019 wanatumia AppGallery, nayo ni nje ya Play Store.

Na ndani je? CamScanner, app iliyokuwa imeshushwa zaidi ya mara milioni 100 Play Store, mwaka 2019 ilikutwa na kirusi. Kirusi kingine, Joker, kilikuwa kinaingia humo kwa miaka mitatu, mpaka Januari 2020 Google wenyewe walisema wameondoa app 1,700 za familia ya kirusi hicho.

#33 mkulima_wa_simu
Kumbe CamScanner ni kirusi?! Nina vyeti vyangu vyote humo!

#34 Huria
Tulia. CamScanner yenyewe haikuwa kirusi. Kilichokutwa ni kipande cha matangazo kilichowekwa ndani yake kutoka kwa mtu wa tatu, kilikuwa kinashusha vitu vingine. Walikitoa, app ikarudi. Vyeti vyako viko salama, labda kama ulipata divisheni ziro.

#35 Nesi wa Zamu
Huria sawa, lakini mama mdogo hajui F-Droid. Nje kwake ni grupu la kamati.

#36 Fundi Nukta
Acha nikiri dhambi maana nesi kanigusa. Nje kwa watu wengi ni sisi mafundi. Mteja anakuja na simu mpya, anasema niwekee vitu vyote. Bando hana, na app ya benki moja tu inazidi megabaiti 80. Mimi nina folda kwenye kompyuta inaitwa MZIGO. Ina WhatsApp, kicheza video, app ya mpira, kibodi ya maua. Nimewahi kuangalia tarehe, vingine ni vya 2021. Vingine nilivipata kwa fundi mwenzangu na yeye hakumbuki alivipata wapi. Elfu mbili, dakika kumi, mteja kaondoka anafurahi. Kibodi ya maua ndiyo inayoandika pasiwedi zake zote.

Nimeifuta ile folda mwezi uliopita. Wateja wanalalamika nimekuwa mvivu.

#37 Chipsi Zege
Fundi umetisha. Kuna namna ya mtu wa kawaida kujua kifurushi ni feki?

#38 Fundi Nukta
Kuna moja naipenda kwa sababu haihitaji usomi. Kila app ina sahihi ya mwenyewe. Simu haikubali toleo jipya juu ya la zamani kama sahihi hazifanani, inagoma, inaandika programu haijasakinishwa. Ndiyo maana matapeli wanakuambia "futa kwanza ya zamani, kisha weka hii". Ukisikia hiyo futa kwanza, jua sahihi hazilingani.

Njia nyingine, pakia faili VirusTotal kabla ya kuliweka, antivairasi nyingi zinalipitia kwa pamoja. Ila ikisema safi usitoe sadaka ya shukrani, kifurushi cha leo asubuhi huenda hazijakifahamu.

#39 Dalali wa Laini
Na wale wa APKPure? Si duka kubwa lile.

#40 Huria
Aprili 2021 app yao wenyewe, toleo la 3.17.18, ilikutwa na kirusi kilichokuja na kipande cha matangazo. Walitoa toleo jipya haraka. Hata mwenye duka anaweza kuuziwa gunia lenye panya.

#41 Zuchu wa Tandale (siyo yule)
Nunueni iPhone mpumzike.

#42 Mzee wa Bao
iPhone ya mkopo ile ukichelewa wiki inajifunga yenyewe? Hicho nacho kirusi.

#43 Kibajaji
Wengine tulilazimika. Mei 2025 X ilipofungwa hapa nchini, grupu letu la mtaa lilijaa apk za VPN, zile za kukwepa kufungiwa, kila mtu anarusha yake. Niliweka tatu kwa siku moja. Moja ilikuwa inapasha betri moto mpaka nawekea simu kwenye dirisha. Sijawahi kujua ilikuwa inafanya nini. Ukimfungia mtu duka anakwenda kwa machinga, na machinga hakupi risiti.

#44 Bwana Kodi
Ndiyo maana Google wametangaza kwamba kila mtengenezaji ajisajili kwa jina lake halisi hata kama app yake iko nje ya Play Store. Inaanza Septemba 2026 Brazil, Indonesia, Singapore na Thailand, kwingine 2027. Safi sana.

#45 Huria
Safi kwa nani? Kijana wa chuo Mbeya anayetengeneza app ya darasa lake atoe kitambulisho kwa kampuni ya Marekani ndipo rafiki zake waiweke kwenye simu waliyonunua wenyewe? Makelele yalikuwa mengi mpaka wakasema wataacha njia ya watu wazoefu kupita kwa hiari yao. Matapeli watajisajili kwa kitambulisho cha bibi wa kijijini, kama wanavyosajili laini. Dalali nikosoe.

#46 Dalali wa Laini
Mimi sijaona kitu 🙈

#47 mkulima_wa_simu
Mzawa, arudishe simu kiwandani. Inafuta kila kitu.

#48 Fundi Nukta
Karibu kila kitu. Kuna kirusi kinaitwa xHelper, kilijulikana 2019, kilikuwa kinarudi hata baada ya kurudisha kiwandani. Na 2020 iliripotiwa simu za Tecno W2 zilizouzwa nchi kadhaa za Afrika zimetoka na Triada na xHelper ndani. Kampuni ikasema ni mtu wa kati kwenye mnyororo wa usambazaji. Hapo utalaumu Play Store au nje ya Play Store?

Kwa mama mdogo, mpangilio ni huu: atoe laini aiweke kwenye simu nyingine, abadilishe namba ya siri HUKO, aripoti namba tatu zilizopokea kwa mtandao wake na kwa 15040, ile namba ya kuripoti matapeli, apige *106# aone laini zilizosajiliwa kwa kitambulisho chake. Kisha ndiyo kiwandani. Akianza na kiwandani anafuta ushahidi. Hilo ua jekundu polisi wangelitaka.

#49 Mzawa wa Kihonda
Wakuu nawashukuru. Mrejesho. Ua jekundu halipo tena, binamu yangu aliirudisha kiwandani jana kabla sijasoma #48. Alisema anasaidia.

#50 Bwana Kodi
Binamu gani? Umri gani? Anabeti?

#51 Mzawa wa Kihonda
Yuko likizo hapo nyumbani. Miaka 19. Anabeti kidogo.

#52 Mzee wa Bao
😂😂😂 Simu chini ya mto, haina loki?

#53 Mzawa wa Kihonda
Haina loki.

#54 Fundi Nukta
Sasa mmenivuruga. Ila namba tatu tofauti ndani ya dakika nne, huo ni mwendo wa mashine. Mtu anayebeti anatuma sehemu moja.

#55 Dalali wa Laini
Au anatuma kwa marafiki watatu.

#56 Mvita_001
Na kijana wa wakala yuko wapi siku hizi?

#57 Mzawa wa Kihonda
Kibanda kimefungwa tangu Jumamosi. Ila jirani anasema kaenda kwao msibani, na kweli msiba upo.

Kamati imekaa jana. Mama mdogo anabaki mjumbe, uhazina kapewa mwalimu mstaafu, pesa zinakaa kwenye daftari na bahasha. Halafu kadi halisi imetumwa leo kwenye grupu, ni pdf. Imekaa pale tangu asubuhi, watu 64, hakuna hata mmoja aliyethubutu kuigusa.

#58 Chipsi Zege
Mkuu, mimi nipo tayari kujitoa mhanga niifungue. Ni single au double?